Kwa Mpwa Wangu wa Benki na Farasi

Mpwa wangu mpenzi,

Mama yako huku Mombasa goti limempoa. Yeye ndiye aliyenipa habari kwamba benki imekupandisha cheo, kwamba sasa unakaa katika kamati ya mikopo mikubwa, na kwamba wateja wenu wamekuzoesha kwenda uwanja wa Jamhuri huko Nairobi siku za Jumapili kutazama polo, hata umeanza kujifunza kupanda. Ana wasiwasi, akaniomba nikukataze. Sikukatazi. Ila maadamu umefika pale benki na farasi vinapokutana, nataka nikusimulie habari za mtu aliyeishi hapo, kisha nikuombe mambo mawili.

Mtu huyo ni Tommy Hitchcock, Mmarekani, aliyezaliwa mwaka 1900 huko Aiken, South Carolina. Baba yake alikuwamo katika timu ya Marekani iliyocheza na Waingereza mwaka 1886, katika mashindano ya kwanza ya kombe la Westchester. Lakini mwalimu hasa alikuwa mama, Bibi Louise, ambaye aliwakusanya wanawe pamoja na vijana wa jirani akawafundisha polo yeye mwenyewe, na ambaye alifariki mwaka 1934 kwa majeraha ya kuanguka farasini. Nyumba ile ilikuwa na mali nyingi, lakini farasi hawakuwa pambo kwao. Waliopanda walijua kwamba farasi huua.

Alipokuwa na miaka 17, kijana aliacha shule akaenda Ufaransa kujiunga na marubani wa Kimarekani waliopigana chini ya bendera ya Wafaransa katika Vita vya Kwanza vya Dunia, maana kwao alionekana mdogo mno. Mwezi Machi 1918 ndege yake ilitunguliwa, akajeruhiwa, akachukuliwa mateka na Wajerumani. Walipokuwa wakimhamisha kwa gari moshi aliruka, akajificha msituni. Mchana alilala, usiku alitembea, mausiku manane, zaidi ya kilomita 160, hadi akavuka mpaka wa Uswisi. Mtoto wa tajiri, peke yake gizani, katika nchi ambayo jina la baba yake halikumsaidia kitu. Mimi naamini kila alichokifanya baadaye kinaeleweka zaidi ukikikumbuka kisa hicho.

Akarudi, akasoma Harvard, akapita Oxford, akaingia uwanjani. Hapa inafaa uelewe jambo moja la polo ambalo wageni wa Jumapili hawalitazami, kwa kuwa macho yao yako kwenye kofia na vinywaji. Kila mchezaji hupewa handikapu na chama, kuanzia chini ya sufuri hadi 10. Hajipi mwenyewe, wala hainunuliwi. Fedha zitakununulia farasi wazuri wa kubadilisha kila kipindi, zitakulipia zizi, zitakuletea hata wachezaji wa kukodi wa kucheza upande wako. Ile namba wanaiandika watu waliokutazama. Hitchcock alipewa 10 katika misimu 18 kati ya 19, tangu 1922 hadi 1940. Alipiga mpira mrefu, wa mbali, farasi akiwa katika mbio kamili, akaufanya mchezo uwe wa kasi na wa kushambulia. Mwaka 1924 alikuwa katika timu ya Marekani iliyopata medali ya fedha katika Olimpiki ya Paris, dhahabu ikaenda Argentina. Huko Long Island, kwenye uwanja wa Meadow Brook, maelfu kwa maelfu walikuja kumtazama, na wengi wao hawakuwa na farasi wala hawatakuwa naye.

Msimu wake ninaoupenda kuliko yote ni ule alioshindwa. Mwaka 1933, karibu na Chicago, wakubwa wa Mashariki, watu wa vilabu na mabenki, walicheza na timu ya Magharibi, na ndani yake walikuwamo vijana wa Texas waliokulia kwenye kazi ya ng'ombe, kama Cecil Smith. Ilikuwa mechi ya mifupa. Smith aliangushwa akazimia, akaamka akapanda tena. Hitchcock naye alianguka, kichwa kikapata mtikisiko. Mchezaji mwingine wa Magharibi akavunjika mguu. Magharibi ikashinda mechi mbili kati ya tatu. Mwaka 1935 handikapu ya Hitchcock ikashushwa hadi 9, na mwaka uliofuata akaipata tena 10 yake kwa kucheza. Fikiria hilo, mpwa wangu: mtu mwenye kila kitu anapunguziwa hadharani, naye anarudi uwanjani kuitafuta namba yake.

Mwaka 1928 alikuwa amemwoa Margaret Mellon, binti wa ukoo uliokuwa na mafuta na mabenki, na miaka ya 1930 akaingia Lehman Brothers, New York, akawa mbia. Mkuu wa nyumba hiyo, Robert Lehman, alikuwa mtu wa polo pia, na mkusanyaji wa michoro. Husemwa kwamba F. Scott Fitzgerald alimtazama Hitchcock alipomwumba Tom Buchanan katika riwaya ya The Great Gatsby, yule tajiri wa polo anayevunja vitu vya watu na kwenda zake. Kama ni kweli, basi alichukua farasi, kifua kipana na mali, akaiacha tabia. Buchanan hakuwahi kulipa gharama ya jambo lolote.

Sasa nisikilize kama mtu wa benki. Lehman ya wakati ule ilikuwa ubia. Maana yake unaijua darasani, lakini nataka uihisi: mbia aliyeidhinisha biashara mbaya alipoteza mali yake mwenyewe. Nyumba yake, akiba yake, farasi zake. Ukiwa na mkataba mezani wenye uwezo wa kukuondolea paa, unausoma mara mbili. Miaka mingi baadaye nyumba ile iliuzwa, ikawa kampuni ya hisa sokoni, na walioamua hawakuwa tena wenye kubeba hasara. Tarehe 15 Septemba 2008 ikaanguka, ikiwa na miaka 158 na madeni ya zaidi ya dola bilioni 600. Sababu zilikuwa nyingi, na wachumi wamezichambua kuliko niwezavyo mimi. Lakini nimekaa benki umri wangu wote wa kazi, na nakuambia bila kuyumba kwamba mkopo mbaya huanzia pale anayetia sahihi si yeye atakayeumia.

Vita vya Pili vya Dunia vilipokuja, Hitchcock alikuwa amevuka 40. Aliomba kurusha tena ndege za kivita, akaambiwa umri umepita. Akapelekwa ubalozi wa Marekani, London, msaidizi wa mwambata wa anga. Kazi ya ofisini, salama, yenye heshima. Huko alikutana na ndege aina ya Mustang, iliyoundwa Marekani kwa agizo la Waingereza. Umbo lake lilikuwa zuri, lakini injini ya kwanza, Allison, iliishiwa nguvu ikipanda juu sana. Mwaka 1942 Waingereza wakaijaribu kwa injini ya Merlin ya Rolls-Royce, na ikawa ndege nyingine kabisa. Washington haikuchangamka. Hitchcock aliandika, akashawishi, akagonga milango, akaeleza kwa lugha ya wafuga farasi kwamba kiumbe huyu ana baba Mwingereza na mama Mmarekani, na jeshi la anga la kwao halina mzazi wa kumsemea.

Ubishi huo ulikuwa na uzito wa roho za watu. Tarehe 14 Oktoba 1943, katika shambulio moja tu la Schweinfurt, Wamarekani walipoteza ndege 60 za mabomu, kila moja ikiwa na watu 10, kwa sababu ndege za kuwalinda hazikuwa na mafuta ya kufika mbali hivyo. Mustang yenye Merlin, ikibebeshwa matangi ya ziada, iliweza kwenda Berlin na kurudi, na mwezi Machi 1944 ilifanya hivyo. Hakuwa yeye peke yake aliyeipigania, lakini bila kelele zake ingechelewa, na kila wiki ya kuchelewa ilikuwa na makaburi yake.

Kisha Mustang kadhaa zikaanza kuleta shida zikishuka kwa kasi. Luteni Kanali Hitchcock alikuwa sasa ndiye mwenye dhamana ya utafiti wa kitengo chake cha jeshi la anga. Mwezi Aprili 1944, karibu na Salisbury, Uingereza, alipanda moja mwenyewe kuijaribu. Ndege ilishuka, haikuinuka tena. Alikuwa na miaka 44, na watoto wanne.

Nimebishana na uamuzi wake huo mara nyingi. Rubani kijana wa majaribio angeweza kupelekwa, na wale watoto wangebaki na baba. Upande mmoja wangu unasema alikosea. Lakini sijaweza kumlaumu mtu aliyewaambia wengine ndege hii ni nzuri, pandeni, kisha ilipotiliwa shaka akapanda wa kwanza. Nimeona mengi ya kinyume chake. Katika benki moja, ambayo sitaitaja, nilishuhudia shamba la minazi la mzee mmoja wa Kilifi likiuzwa kwa mnada, kwa kuwa alitia dole gumba kumdhamini mwanawe. Hakuna aliyemsomea ule ukurasa kwa lugha anayoielewa. Afisa aliyeupitisha mkopo alikwisha kupata bonasi yake na uhamisho. Mzee alisimama pembeni, kanzu yake safi, akiwasikiliza wageni wakipandishana bei ya miti aliyoipanda yeye.

Kwa hiyo ombi langu la kwanza ni hili. Kabla hujapitisha mkopo wowote wenye mdhamini, muite mdhamini mwenyewe, si mwanasheria wake, umweleze kwa Kiswahili au kwa lugha ya kwao atapoteza nini na lini. Ukiona huwezi kumtazama usoni ukamwambia, usitie sahihi. Kamati itakuona mzito. Waache wakuone. Na wale wateja wenu wa Jumapili, siku mmoja wao atakapoleta faili kwenye meza yako, toka chumbani, hata kama faili ni zuri.

La pili ni la farasi. Cheza, ukipenda. Lakini usipande farasi wa mteja, hata kwa kuazima. Lipia mafunzo kwa mshahara wako, ukishindwa subiri. Anza zizini. Mtafute saisi anayemhudumia farasi unayempanda, ujue jina lake na watoto wake wanasoma wapi, na uulize akipigwa teke nani anamlipia hospitali. Ukipata jibu niandikie, nami nitajua umeingia klabu ya namna gani. Ujifunze pia ile sheria ya mstari wa mpira vizuri kuliko sheria nyingine zote: usimkatie njia anayeufuata mpira kwa haki, kwa maana ndiyo iliyowekwa ili watu wasife.

Mama yako anasema Idi hii uje na familia, na usilete zawadi za dukani, ulete muda. Basi lako la usiku likifika Mwembe Tayari nipigie simu nije nikupokee.

Wasalaam,
Mjomba wako