Mtu Aliyetazama Kichuguu

Watoto wa hapa Nakwa huniuliza mara kwa mara, "Kazi ya mpiga picha za sinema ni kazi gani?" Wengi hudhani ni kubonyeza kitufe tu. Basi mimi huwasimulia habari za Alan Root.

Alan alizaliwa London mwaka 1937, akaletwa Kenya angali mtoto. Katika ujana wake alishika kamera kwa ajili ya kazi ya wengine, yaani Bernhard Grzimek na mwanawe Michael, Wajerumani waliokuja Serengeti kuwahesabu wanyama. Eropleni yao ilipakwa milia mfano wa punda milia. Tarehe 10 Januari 1959 iligongana na tumbusi angani, ikaanguka, Michael akafa. Kaburi lake liko ukingoni mwa Ngorongoro. Lakini kazi haikuachwa. Alan aliendelea kupiga picha, na filamu ile, iitwayo Serengeti Haitakufa, ikapata tuzo ya Oscar mwaka 1960.

Baada ya hayo Alan akawa mwongozaji wa filamu zake mwenyewe, naye mkewe Joan alikuwa mwenzi wake kazini. Mwaka 1978 walitoa filamu juu ya kichuguu. Naam, kichuguu, kitu tunachokipita kila siku twendapo shambani! Walionyesha malkia atagaye mayai, askari walindao milango, na wafanyakazi walimao bustani za kuvu gizani. Filamu hiyo nayo iliwania Oscar.

Kazi hiyo ilimgharimu. Kifutu alimwuma hata akapoteza kidole, na huko chemchemi ya Mzima, Kenya, kiboko alimng'ata mguu alipokuwa ndani ya maji. Sisi tukaao karibu na Ziwa Babati twajua kwamba kiboko si mnyama wa kuchezewa.

Alan alifariki mwaka 2017. Nionavyo mimi, hakupata uongozi kwa kujua kuamuru watu. Aliupata kwa sababu alikuwa amekwisha kujifunza kungoja na kutazama, tena katika kazi isiyokuwa yake. Ndiyo maana aliweza kuona ufalme mahali ambapo wengine huona udongo mtupu.

Nawe msomaji, mvua zitakapokuja, kaa kimya saa moja karibu na kichuguu. Kisha andika yale uliyoyaona kwa macho yako, wala usiongeze neno.