Mjukuu wa mwenye mgahawa

Nimepotea humu wiki tatu, mnisamehe. Studio imenibana, halafu kundi letu la maigizo limekuja na ombi zito: niahirishe mwaka, tuzunguke mikoani na mchezo wetu. Niko mwaka wa nne, usanifu majengo. Baba bado hajui.

Sasa juzi, bumu halijaingia na tumbo linanguruma, rumeti akaniwekea filamu ya Hungary ya 1971, Szindbád, ya Zoltán Huszárik. Jamaa ameketi mgahawani, anagonga mfupa mpaka uboho unadondokea kwenye mkate wa kuchoma, anakula taratibu huku akipiga soga na mhudumu. Jamani, niliteseka! Na anakula kama mtu anayeaga.

Usiku ule ule nikamtafuta. Anaitwa Zoltán Latinovits, alizaliwa Budapest 1931. Babu yake mzaa mama ni Károly Gundel, mwenye ule mgahawa maarufu wa Budapest, ambao serikali ya kikomunisti iliutaifisha 1949. Kumbe ndo maana anaujua mfupa vile!

Lakini kilichoninyima usingizi ni hiki: jamaa alisoma usanifu majengo. Akamaliza, akachukua diploma yake 1956, na mwaka huo huo akaenda kuigiza kwenye jumba la maonyesho la mji wa Debrecen. Chuo cha uigizaji hakukanyaga. Kutoka hapo Miskolc, kisha Vígszínház ya Budapest, akawa Romeo, na Juliet ni Éva Ruttkai, mwanamke aliyempenda mpaka mwisho. Filamu zikafuata: Szegénylegények ya Miklós Jancsó, Hideg napok, na nyinginezo.

Nikamwambia rumeti, unaona? Akanijibu, "Naona. Mwenzio alimaliza kwanza." Nikanuna.

Tena mambo hayakumnyookea hata alipokuwa staa. Alitaka kuongoza, awe na jumba lake afanye anavyoamini. Budapest hakulipata. Akaenda mji mdogo wa Veszprém, huko ndiko alikoongoza michezo miaka ya mwanzo ya 1970. Alikuwa mkali, mgomvi wa wakubwa, na 1973 akatoa kitabu, Ködszurkáló, akayamwaga yote kuhusu hali ya maigizo nchini kwake. Mimi namwelewa, ingawa sijui kama ningependa aniongoze. Mtu wa hivyo mazoezi hayaishi saa nne usiku.

Tarehe 4 Juni 1976 aligongwa na treni huko Balatonszemes, ana miaka 44. Ajali au alijitakia, Wahungari wanabishana hadi leo. Filamu ya Az ötödik pecsét ilitoka baada ya kifo chake. Humo ni Budapest ya 1944, naye amevaa kiraia, anamfundisha kijana namna ya kuvunja utu wa watu. Sauti yake ya upole inatisha kuliko kipigo. Tuzo ya Kossuth walimpa 1990, miaka 14 yuko kaburini.

Basi nilimpigia baba. Shikamoo, marahaba, masomo vipi? Nikasema yanaenda. Akauliza kama ile michoro tuliyolipia karatasi kwa hela ya mahindi imekubaliwa. Nikakata simu sijasema kitu.

Kundi nimewaambia nitawajibu Jumatatu. Kesho saa mbili tunakabidhi michoro, na ngazi yangu bado haijafika ghorofa ya pili.