Fedha ya Kweli

Wanaotafsiri hadithi za kubuni husifiwa kwamba kazi yao ni nyepesi: kitu kisichokuwapo, mwite utakavyo. Kwangu mimi ni kinyume. Kilichopo duniani hukugomba ukikipa jina baya. Kisichokuwapo hunyamaza tu, kikakuachia dhamana yote.

Naliitambua dhamana hiyo nilipokuwa nikifasiri, kwa ajili ya barza yetu ya wapenzi wa fasihi, kurasa chache za J.R.R. Tolkien, Mwingereza aliyetoa The Lord of the Rings katika miaka ya 1954 na 1955. Humo mna madini yaitwayo mithril: mepesi, lakini magumu kupita chuma cha pua, na weupe wake haufifii. Watu wafupi wa milimani waliyachimba katika machimbo ya Moria. Yaliwatajirisha, kisha yakawavuta chini zaidi na zaidi, hata wakaliamsha dubwana la moto lililolala vilindini. Likawaua na kuwafukuza, na utajiri ukabaki gizani.

Mimi ni mtu niliyejifunza lugha za kigeni kwa kamusi kuukuu na taa ya chemli, wala sina mwalimu wa kumkimbilia. Na wakati huo nilikuwa mbali na bahari, Lalago, wilayani Maswa, kwa binti yangu aliyeolewa Usukumani. Msaada wangu ukawa ni mkwe wangu, babake mume wa binti yangu, mzee wa ng'ombe na pamba.

Katika lugha aliyoibuni mwandishi, mithril maana yake ni mmeto wa kijivu. Basi nikakiendea kitenzi chetu kumeta, nikafinyanga jina: kimeta. Mkwe wangu akashtuka. "Mkwe, hilo usilitaje karibu na zizi." Naam, kimeta ni maradhi yauayo ng'ombe, na binadamu pia. Jina lililopendeza sikioni kwa mtu wa pwani, kwa mfugaji ni msiba.

Nikageukia almasi. Neno hili lilitufikia kutoka Kiarabu, nacho kililipata kwa Wayunani, ambao asili yake kwao ni kisichoshindika. Lakini kulitaja almasi Lalago si kutaja ndoto. Upande wa machweo, si mbali sana, uko Mwadui. Hapo mwaka 1940 mwanajiolojia wa Kanada, John Williamson, aligundua mwamba wenye almasi ambao eneo lake juu ya ardhi ni kama hekta 146. Mwaka 1947 lilipatikana hapo jiwe la waridi la karati 54.5, na Williamson akamtunukia Binti Mfalme Elizabeth kwa harusi yake. Lilikatwa likabaki karati 23.6, likawekwa katikati ya ua la almasi, likawa bizimu ya kifuani. Hadithi gani ya kubuni inayoishinda hii? Jiwe lililopikwa zaidi ya kilomita mia moja chini ya ardhi, likapandishwa na volkano, likalala chini ya miguu ya wachungaji, kisha likaenda kung'ara London.

Hata dubwana lake lipo. Wako vijana wanaoingia mgodini kwa siri kutafuta vijiwe. Mwaka 2021 kampuni ya Petra Diamonds, iliyokuwa mmiliki mkuu wakati huo, iliafiki kulipa pauni milioni 4.3 kumaliza madai ya watu 71 juu ya majeraha na vifo, bila kukiri dhima kisheria. Na tarehe 7 Novemba 2022 kingo za bwawa la tope la mgodi zilibomoka, tope likafunika mashamba na makazi. Moria ya Tolkien ina moto. Hii ina tope na bunduki.

Nilipomsimulia mkwe wangu hadithi ya mithril, hakuuliza inang'araje. Aliuliza, "Wenye mlima walipata nini?" Kisha akanieleza habari za chumvi. Zamani Wasukuma walikwenda kwa miguu hadi Ziwa Eyasi kuifuata, na babake alikuwa miongoni mwao. Ilikuwa safari ya siku nyingi, yenye miiko na hatari za porini. Aliyerudi na mzigo aliheshimiwa, na chumvi ile ikaonjwa katika kila chungu cha jirani. "Hiyo," akasema, "ndiyo iliyokuwa na uchawi. Ilifika mdomoni."

Usiku ule sikutafsiri kitu. Niliandika ubeti:

Jiwe halina kiburi, kiburi ni cha shingoni,
Limelala kwa dahari, halijui ya sokoni,
Bei ni letu shauri, na tamaa za moyoni,
Nimeuliza thamani, jiwe halikunijibu.

Lilibaki jina la tatu. Tolkien mwenyewe ameyapa madini yake jina jingine, ambalo kwetu ni sawa na "fedha ya kweli". Mwanzoni naliliogopa. Kwa Kiingereza madini ya fedha na fedha ya matumizi ni maneno mawili mbalimbali. Kwetu ni moja. Bangili ya bibi harusi ni fedha, na malipo ya mkulima ni fedha. Msomaji wangu angeweza kudhani nazungumzia noti zisizo za bandia.

Lakini niliwatazama wakulima wa Lalago waliopeleka pamba yao mizanini, zao ambalo nchi nzima huliita dhahabu nyeupe, nikasikia wakiulizana kama fedha imefika. Hapo nikaona kwamba utata huo si kasoro ya Kiswahili. Ni lugha yetu inavyokataa kuusahaulisha mkono uliochimba na mfuko uliopokea. Mithril ya Kiingereza yaweza kung'ara peke yake. Yetu haina budi kujibu swali la mkwe wangu.

Basi ndivyo nilivyoandika: fedha ya kweli. Barzani huenda baadhi wakanung'unika kwamba nimeushusha uchawi hadi sokoni. Nitawaambia huko ndiko uliko, na wenye mlima bado wanausubiri.