Mwelekezi wa Katuni Asiyechora

Wahenga walisema kidole kimoja hakivunji chawa. Methali hii nimeikariri tangu shule ya msingi, lakini maana yake imeniingia barabara mwaka huu, niliposoma habari za Isao Takahata wa Japani.

Jamani, mzee huyu alielekeza filamu za katuni kwa zaidi ya miaka 40 ilhali hakuwa mchoraji! Alizaliwa 1935. Katika Chuo Kikuu cha Tokyo alisomea fasihi ya Kifaransa, kisha 1959 akaingia kampuni ya katuni ya Toei. Kazi yake ilikuwa kuiwaza hadithi, kupanga kila tukio na kuwaeleza wachoraji anachotaka mpaka waelewe. Mmoja wao alikuwa Hayao Miyazaki, ambaye alishirikiana naye kuanzisha Studio Ghibli mwaka wa 1985.

Mambo hayakuwa mteremko. Filamu yake ndefu ya kwanza ilitoka 1968 baada ya kazi ya miaka mitatu hivi, lakini haikuleta pesa. Toei hakuelekeza nyingine ndefu, na 1971 akaondoka. Hata hivyo hakufa moyo.

Filamu yake inayojulikana sana ni Hotaru no Haka ya 1988, yaani Kaburi la Vimulimuli. Ndani yake Seita na dadake mdogo Setsuko wanakufa njaa wakati wa vita. Hadithi iliandikwa na Akiyuki Nosaka, ila Takahata naye aliyaonja. Juni 1945, akiwa na miaka tisa, aliponea chupuchupu ndege za Marekani zilipouteketeza mji wa Okayama kwa mabomu. Basi alijua la kuwaambia wachoraji.

Mimi nikichora kikombe, watu huuliza kama ni kiatu. Nyumbani wanasema mambo ya filamu niwaachie wenye vipawa, nishike masomo ya biashara. Bado tunavutana. Lakini nimeanza: naandika hadithi, na rafiki yangu wa dawati moja anazichora nyuma ya daftari. Tumefika hadithi ya tatu.

Takahata alitoa filamu yake ya mwisho 2013, akiwa na miaka 78, akafariki 2018. Msomaji mwenzangu, kabla hujasema huna kipawa, tazama aliyeketi kando yako. Huenda anacho kile unachokosa, naye anakosa ulicho nacho.