Viti Visivyo na Mwenyewe, Mtaa wa 53

Treni ya E hukushusha Fifth Avenue na Mtaa wa 53, katikati ya Manhattan. Ukitokeza juu, honi, ving'ora na malori yanayoshusha mizigo vinakulaki kwa pamoja. Nilishika njia ya kuelekea Madison Avenue, na kabla sijafika mbali, kuta za majengo upande wa kushoto zikaacha pengo. Hapo ndipo ilipo Paley Park.

Ni ngazi chache tu, kisha sauti za mtaa zinamezwa. Ukuta wote wa nyuma ni maji: yanaporomoka kutoka kimo cha mita 6, takriban lita 6,800 kila dakika. Magari hayajanyamaza, ila sikio limepata kitu kingine cha kusikiliza. Juu, majani membamba ya miti yanachuja jua. Kiwanja kizima kina mita za mraba 390 hivi.

Ni mali binafsi. William S. Paley, aliyekuwa mwenyekiti wa shirika la utangazaji la CBS, alikigharimia kwa kumbukumbu ya baba yake, Samuel, na bustani ikafunguliwa Mei 1967. Msanifu wa mandhari Robert Zion alikuwa amelitangaza wazo hilo tangu 1963: jiji lisingoje ekari tele, lijenge bustani katika vipande vidogo vilivyobanwa kati ya majengo. Paley alimpa kipande cha kulithibitishia.

Kabla ya hapo palikuwa na Stork Club, ukumbi wa starehe wa matajiri na nyota wa filamu, ambako bawabu ndiye aliyeamua nani aingie. Oktoba 1951, Josephine Baker, msanii mweusi mzaliwa wa Marekani aliyejipatia sifa Ufaransa, alilalamika hadharani kwamba alinyimwa huduma humo kwa sababu ya rangi yake. NAACP, chama cha kutetea haki za Wamarekani weusi, kikaandamana nje ya mlango. Klabu ilifungwa 1965 na jengo likabomolewa. Kukaa leo kwenye ardhi ile ile bila kuulizwa jina, wala kulazimika kununua hata kikombe cha kahawa, kulinigusa kuliko maji yale.

Uhuru huo unaonekana kwenye viti. Ni vya waya, vyepesi, na havikufungwa sakafuni. William H. Whyte, aliyewapiga watu filamu katika viwanja vya New York na kuchapisha kitabu chake mwaka 1980, aligundua kwamba mtu hukisogeza kiti kidogo kabla ya kukaa, hata pale kilipokuwa pangemfaa. Nililiona jambo hilo kwa macho yangu: mzee mmoja alikivuta chake kufuata jua, wasichana wawili wakaviunganisha vyao wagawane mkate. Mwenye nyumba Lamu angeelewa mara moja, kwani baraza la mbele ni lake, lakini mpita njia hukaa.

Kutoka hapo nilitembea kuelekea mashariki hadi Mtaa wa 51, kati ya Third Avenue na Second Avenue. Hapo kuna bustani nyingine ndogo ya aina hiyo, Greenacre Park, iliyotolewa na Abby Rockefeller Mauzé mwaka 1971 na kusanifiwa na ofisi ya Hideo Sasaki. Maporomoko yake ni marefu zaidi, yapata mita 7.5, na sakafu zake zimepishana kimo: anayependa manyunyu anashuka karibu na maji, anayetaka kutazama watu anabaki juu.

Hapa ndipo mipaka ya ukarimu wa mtu binafsi inapoonekana. Wakfu unaoimiliki Greenacre unaweza kulipa watunzaji, kupogoa miti na kuendesha pampu. Hauna mamlaka juu ya kimo cha majengo ya jirani. Mwaka 2017, jiji lilipopitisha kanuni za kuruhusu majengo marefu zaidi East Midtown, wakfu huo ulikuwa ukiendesha kampeni ya kulinda mwanga, ukihofia kwamba vivuli vipya vingeifunika bustani na kuidhoofisha miti yake. Naiunga mkono kwa moyo wote. Familia ya Mauzé imekwisha kutoa ardhi. Jua linalobaki kuifikia liko mikononi mwa wanaopanga jiji, na kulihifadhi ni wajibu wao kwa kila anayekaa pale bure.