Kichwa Kikiwa Juu Wiki ya 36

Mtoto akikaa vibaya tumboni, wa kwanza kulaumiwa ni mama yake. Alilala chali mno, alibeba ndoo, alipanda bodaboda kwenye makorongo. Wifi yangu aliyasikia yote hayo Ngarenanyuki, kule nyuma ya Mlima Meru, baada ya nesi wa kliniki kumpapasa tumbo na kukuta kitu kigumu cha mviringo chini ya mbavu. Nesi aliweka ile pembe ya kusikilizia juu ya kitovu, na mapigo ya moyo yakasikika hapo hapo. "Dada, huyu ametanguliza makalio. Nenda mjini ukapige ultrasaundi."

Wifi hakukosea chochote. Mimba ikiwa na wiki 28, karibu mtoto mmoja kati ya wanne huwa amekaa hivyo. Wengi hugeuka wenyewe, na mimba ikitimia hubaki 3 au 4 katika kila 100. Wapo wanaozuiwa na uvimbe wa kizazi, kondo la nyuma lililokaa chini, au pacha mwenzake. Wengine hawana sababu yoyote inayoonekana.

Mama mkwe wake alishauri aitwe bibi mmoja anayejua kukanda matumbo kwa mafuta. Sikumcheka, maana madaktari nao hugeuza mtoto kwa mikono, kuanzia wiki ya 36 au 37, na hufaulu karibu nusu ya mara. Ila wao huangalia kwanza kondo liko wapi, humpa mama dawa ya kulegeza kizazi, husikiliza mapigo ya mtoto kabla na baada, na chumba cha upasuaji kiko karibu. Mikono ya bibi huenda ni myepesi kuliko ya daktari. Lakini kondo likiachia kijijini saa nne usiku, bibi atafanya nini?

Wifi aligeuziwa hospitalini, mtoto akagoma. Ikabaki kuchagua.

Kuzaa kwa njia ya kawaida kunawezekana, hasa mtoto akiwa ametanguliza makalio huku miguu imenyooka kuelekea usoni. Hatari ni kwamba kichwa, ambacho ndicho kikubwa, huja mwisho na kinaweza kukwama. Miguu ikitangulia, kitovu nacho huweza kuteleza kikatoka kabla ya mtoto. Kwa hiyo anahitajika mkunga au daktari mzoefu, na wazoefu wamepungua tangu mwaka 2000, ulipotoka utafiti wa wanawake zaidi ya 2,000 katika nchi 26 ulioonyesha kuwa upasuaji uliopangwa ni salama zaidi kwa mtoto. Jambo lisilosemwa sana ni kwamba faida hiyo ilikuwa ndogo katika nchi ambako vifo vya watoto wachanga ni vingi. Tena watoto waliofuatiliwa hadi miaka miwili hawakuonyesha tofauti ya vifo wala ya ukuaji wa akili.

Kisu nacho kina deni lake. Kovu linaweza kuchanika mimba ijayo, au kondo likajishikiza juu yake. Kwa mwanamke anayetaka watoto wanne na anayeishi mbali na hospitali, hilo ni la kuwekwa mezani mapema, mume akiwepo, kabla uchungu haujaanza. Nimeona familia zikiamua mambo haya koridoni huku mama anapiga kelele, na pale anayeamua huwa ni hofu.

Wifi alichagua upasuaji. Kwa maoni yangu, uamuzi wake wa busara zaidi ulikuwa kuhamia kwetu Sakina, mjini Arusha, wiki za mwisho. Barabara ya kutoka kwao hupita ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Arusha, nyati na twiga wakivuka, ndipo ufike lami ya Usa River. Mtoto alizaliwa salama, na nyonga zake zilikaguliwa, kama inavyotakiwa kwa kila mtoto aliyekaa hivyo.

Dada yangu mjamzito, wiki ya 36 usishuke kitanda cha kliniki kabla hujauliza kichwa kiko wapi. Na chupa ikipasuka ukiwa mbali, usingoje uchungu ukolee. Piga 115, namba ya m-mama, usafiri wa dharura wa wajawazito. Haina malipo.