Simba, mkasi na kosa la mstari wa 20

Najua nimepotea wiki kadhaa, na leo sitaandika kuhusu hifadhidata kama nilivyoahidi. Leo ni zamu ya Simba.

Simba ni mbwa mdogo mweupe wa aina ya Maltese, manyoya yanakaribia kugusa sakafu. Alikuwa wa mama. Alipohamia kijijini mwaka jana aliniachia mbwa hapa Nairobi, pamoja na brashi, kitana cha chuma na agizo moja: mchane kila siku. Nikasema sawa mama, nikarudi kwa kompyuta.

Kulikuwa na kazi ya kukabidhi mteja, nikapitisha wiki tatu bila kumchana. Jumamosi moja nikaona ananuka, nikamwosha. Hapo ndipo nilipoharibu. Manyoya ya Maltese hayapukutiki ovyo. Yaliyong'oka hunaswa katikati ya mengine na kufanya mafundo. Mafundo yakilowa kisha yakauke, hukaza kabisa. Kesho yake nikakuta madonge magumu nyuma ya masikio na kwapani. Nikachukua mkasi. Sikujua kwamba fundo huvuta ngozi ndani yake. Simba alilia mara moja tu. Kwa daktari wa mifugo alishonwa nyuzi mbili.

Bili nililipa nikasahau. Kilichoniuma ni kwamba kwa siku 9, kila niliposhika kitu kinachong'aa, hata kijiko, Simba alikimbilia chini ya kitanda.

Nilimpigia mama nikiulaumu mkasi. Akaniuliza, "Mwanangu, ulimchana kabla ya kumwosha?" Nikanyamaza.

Sisi wa programu tunayajua haya. Programu inaanguka mstari wa 200, kumbe kosa liko mstari wa 20. Mkasi ulikuwa mstari wa 200.

Basi utaratibu wangu sasa ni huu:

1. Chana kwanza, maji baadaye.
2. Anzia nchani, upande kidogo kidogo kuelekea ngozini. Shika manyoya karibu na ngozi ili asivutwe.
3. Fundo likiwa gumu, nyunyizia wanga wa mahindi, ule wa kufanya mchuzi uwe mzito, ulilegeze kwa vidole. Likikataa, mpeleke kwa anayenyoa mbwa kwa mashine. Mkasi weka mbali.
4. Kagua kupe masikioni na katikati ya vidole. Chini ya donge moja nilipata wawili, na homa ya kupe huua mbwa.
5. Tumia shampuu ya mbwa, suuza mpaka povu liishe. Kausha kwa kubonyeza taulo bila kusugua, kisha chana tena.

Jana usiku nilikuwa nimekaa sakafuni na brashi mkononi, nikijifanya simwoni. Alikuja mwenyewe, akanilalia gotini, sikio lenye kovu likiwa juu. Nilimchana dakika kumi. Kazi ya mteja ilisubiri.

Wiki ijayo ni hifadhidata. Safari hii kweli.